Kwa Nini Chinghao Haigawanywi

Jana nilimsikia kijana mmoja wa hapa hapa kijijini akimnyima mwenzake soda. Aliikumbatia chupa kifuani, akasema hii ni chinghao bwana, na wote waliokuwa kibarazani wakaangua kicheko. Niliinuka nikaenda zangu. Nilikuwa na hasira, na mtu mzima akifungua mdomo katika hali hiyo huishia kutukana watoto wa watu. Leo imepoa kidogo, ingawa si sana. Basi kaeni, na anayetaka kucheka acheke sasa hivi, maana huko tunakokwenda hakuna pa kuchekea.

Neno hilo si letu, ni la Wachina. Kwao ni jina la mmea, na dawa ya malaria inayotoka kwenye mmea huo wanaiita kwa jina hilo hilo na kipande kingine mwishoni ambacho ndimi zetu zilikiacha njiani. Maana yao inaishia hapo. Hii nyingine, ya kitu kisichoguswa na mkono wa pili, tuliiweka sisi watu wa Lihangwe. Hatukuiokota. Kuna mtoto wa mtu ndani yake.

Kabla reli haijapita bondeni kwetu, hapa Lihangwe hapakuwa na kitu cha mtu mmoja. Aliyevua kambare alimkata vipande akiwa bado hajafika nyumbani. Mche wa sabuni ulikatwa kwa uzi, chumvi iligawanywa kwa kijiko, na asali kila mtu aliinamia chungu akachovya kidole. Tuliuita mgao. Mgao ulikuwa na msimamizi wake, ambaye ni mkubwa wa ukoo, na zama hizo mkubwa alikuwa Mzee Ligombi. Alikuwa mtu mrefu, mwenye sauti ya upole, na popote alipokwenda alikuwa na upawa wake wa mninga ameuchomeka kwapani. Ukimwona anakuja na upawa, ulijua nyumbani kwako kumeingia kitu na habari zimeshamfikia.

Sitaki kuutukana mgao wote. Mwaka wa njaa mgao ndio uliotushikilia, na wazee waliokosa watoto walikula kama wenye watoto. Lakini mgao ulikuwa na meno yake, na wanaousifia siku hizi hawayataji. Aliyekataa kugawa aliitwa mlaji-pweke. Mlaji-pweke hakupigwa wala hakufukuzwa. Aliachwa tu. Shamba lake halikupata mtu wa kumsaidia kupalilia, nyumba yake ikishika moto watu waliitazama ikiwaka, na akifiwa alichimba kaburi kwa mikono yake. Watu walimpita hivi hivi, hata salamu hakuna. Kila mama alimtishia mwanawe kwa jina hilo, na sisi wanawake tuliliogopa kuliko chui.

Homa nayo ilikuwa mwenyeji wa bonde. Masika mto ulipofurika na maji yakalala mashambani, mbu walitoka kama moshi, na kila nyumba ilijua kwamba kuna mmoja atakayetikisika. Watoto waliozaliwa kiangazi walipewa majina mapema. Waliozaliwa masika walisubiri mpaka maji yapungue, ili mama asiwe na jina la kuliita bure. Dawa zetu zilikuwa mizizi na maombi, na sizidharau, lakini makaburi ya watoto mnayaona wenyewe kule nyuma ya kanisa.

Ndipo wakaja Wachina wajenzi wa reli, wakapiga kambi ng'ambo ya mto. Walikuja na mashine zao, mchele wao na tabibu wao, mwanamke mfupi ambaye watu walimwita Mama Lin. Nyuma ya hema lake alipanda bustani ya mmea ambao hatukuwahi kuuona, wenye majani membamba yaliyochanikachanika kama ya karoti, na harufu kali ya kukwaruza pua. Aliyaloweka majani yale kwenye maji baridi, akayakamua kwa kitambaa, na ule mchuzi mchungu akautia kwenye chupa. Mtu wetu mmoja, Fokas, aliyefanya kazi ya kubeba mataruma ya reli, alikuwa ameishika lugha yao vizuri kabisa, na ndiye aliyetuletea jina. Chinghao.

Sasa, palikuwa na mjane anaitwa Eusebia. Mumewe alikuwa wa ukoo wa Mzee Ligombi na alichukuliwa na homa hiyo hiyo, akamwachia binti mmoja, Gaudensia, ambaye hata meno ya utoto yalikuwa hayajaanza kung'oka. Mwanamke yule alilima kabichi na kuwapelekea wapishi wa kambi, kwa hiyo njia ya ng'ambo aliijua. Masika yale Gaudensia akashikwa. Alitetemeka mpaka kitanda cha kamba kikawa kinalia, macho yakageuka, akawa hamjui mama yake. Eusebia hakwenda kumuuliza mtu. Alimfunga mgongoni, akamwomba Fokas amvushe kwa mtumbwi, akaenda kumlaza mbele ya Mama Lin.

Mama Lin alimpima, akatoa chupa iliyojaa mpaka shingoni, akamnywesha mtoto kifuniko cha kwanza mwenyewe. Kisha akasema maneno ambayo Fokas aliyatafsiri pale pale, na aliyarudia tena siku ile ile kijijini, watu wazima wakisikia. Alisema homa itaondoka kwanza, lakini ugonjwa utabaki umejificha mwilini. Mtoto atacheka, atakula, atakimbia, na bado atakuwa mgonjwa. Anywe asubuhi na jioni mpaka kitako cha chupa kikauke. Chupa yote ni ya mtoto mmoja, na akiiacha katikati ugonjwa utarudi na hasira. Nayasema haya taratibu kwa sababu nimechoka kusikia kwamba wazee wetu walikuwa hawajui. Walijua. Waliambiwa kwa Kiswahili, mchana, na mtu waliyemzaa wenyewe.

Gaudensia aliamka kesho yake akaomba wali. Habari ikapita nyumba hadi nyumba kabla sufuria haijachemka, na jioni Mzee Ligombi akafika na upawa kwapani. Nyuma yake walikuja watu wa nyumba zilizokuwa na wagonjwa, kila mmoja na kikombe. Mama yangu alikuwa mmoja wao. Kaka yangu alikuwa anaungua kwa homa nyumbani, na mama naye alikinga kikombe.

Eusebia alimwamkia, akampa kigoda. Mzee alishukuru kwamba mtoto ameamka, akamsifu mama yake kwa ujasiri wa kuvuka maji makubwa, kisha akasema kwa sauti yake ile ya upole alete kilichobaki, kuna watoto wengine.

Eusebia alipiga magoti. "Baba, hakuna kilichobaki. Yote ni yake mpaka iishe. Kule kambini zipo nyingine, kila mgonjwa atapewa ya kwake. Na mtumbwi upo."

Hilo nalo lilikuwa kweli tupu. Mtumbwi ulikuwepo, mpiga kasia alikuwepo, na Mama Lin hakuwahi kumrudisha mtu. Lakini mpunga ulikuwa umeanza kutoa masuke na kweleakwelea walikuwa wameshaingia mashambani, kila mtu anaamia ndege shambani kwake. Safari ya ng'ambo na kurudi ingekula siku. Tena kulikuwa na hiki kiburi chetu. Mzee Ligombi aliuliza tangu lini watu wa Lihangwe wanavuka mto kwenda kuomba kwa wageni wakati kitu kimo ndani ya nyumba yao. Watu wakaitikia. Kuvuka mto kuliwashinda, kukinga vikombe waliweza.

Eusebia akasema tena kwamba mtoto bado mgonjwa. Mzee akamwonyesha Gaudensia, aliyekuwa kizingitini anaramba vidole vyake, akauliza huyu ndiye mgonjwa? Kisha akainuka, akakung'uta kanzu.

"Sisi hatunyang'anyi mtu, mwanangu. Ukitaka kula peke yako, kula. Ila ujue kwamba siku ukifiwa, utazika peke yako."

Mjane, mgeni katika ukoo, asiye na kaka wala baba hapa bondeni. Mwaka mmoja nyuma watu hawa hawa walikuwa wamembebea jeneza la mumewe. Kila mmoja wenu anayejiona jasiri ajiweke pale chini, magotini, mbele ya vikombe vile. Aliingia ndani akaitoa chupa. Mzee Ligombi akagawa kwa upawa wake, kwa haki kabisa, hakuna aliyepunjwa, na hiyo haki yake ndiyo inayonichoma mpaka leo. Kila nyumba ilipata funda moja au mawili. Gaudensia naye aliwekewa lake, sawa na wengine.

Usiku ule homa ilipoa katika kila nyumba. Watu wakasema mnaona, kumbe ilitosha. Wakampelekea Mzee Ligombi kuku. Na yeye, Mungu amsamehe kama anaweza, alimpokea yule kuku na akamgawa.

Haikupita hata siku ya soko, homa ikarudi. Ilirudi nyumba zote zilizopokea, kwa mfuatano ule ule wa vikombe, na ilirudi kama alivyosema Mama Lin, na hasira. Kwa Gaudensia, aliyekunywa kabla ya wote, ilirudi kwanza. Safari hii hakutetemeka. Alilegea tu, akawa mzito, na mkojo wake ukawa mweusi kama chai ya rangi. Eusebia akamfunga tena mgongoni, Fokas akaushika mtumbwi tena, na katikati ya maji mtoto akapumua pumzi ndefu, na baada ya hiyo hapakuwa na nyingine.

Fokas aliuliza kama ageuze. Eusebia akamwambia aendelee. Alishuka ng'ambo na maiti mgongoni, akapita katikati ya wanaume wanaopakua kokoto, mpaka kwenye hema, akamlaza Gaudensia pale pale alipomlaza mara ya kwanza. Mama Lin alimgusa mtoto shingoni. Kisha akauliza chupa iko wapi, na Fokas akamweleza mambo yote, upawa, vikombe, kila kitu. Yule mama alitoka nje, akasimama bustanini amewapa mgongo, na waliokuwepo walisema mabega yake yalikuwa yanatikisika. Aliporudi alikuwa na chupa moja, ndiyo pekee iliyokuwa tayari, na akaiweka mikononi mwa Eusebia. Alisema huko kwenu lazima wengine wako kufani. Hii mpe aliye hoi kuliko wote, yeye peke yake, mpaka mwisho. Wengine waje wenyewe, kila mmoja atakamuliwa ya kwake.

Mazishi yalijaa, hilo siwanyimi. Walichimba kaburi vizuri, waliimba vizuri, na kila nyumba ilileta unga. Chakula cha matanga kilipoiva Mzee Ligombi alisimama na upawa ili agawe, kama desturi. Eusebia akainuka kutoka kwenye mkeka wa wafiwa, jambo ambalo mfiwa halifanyi, akasimama kati yake na chungu. Hakupiga kelele. Watu wa nyuma walilazimika kunyamazishana ili wamsikie.

"Mliniambia nikikataa kugawa nitazika peke yangu. Sikukataa, na kweli tumezika wote. Mmemgawana mwanangu. Kila nyumba hapa imekula kijiko chake. Kwa hiyo mmeshiba, nendeni."

Chakula kile hakikuliwa.

Sasa kila mtu kijijini alijua aliye hoi kuliko wote ni nani. Alikuwa mjukuu wa Mzee Ligombi, mtoto wa mkwewe Leokadia, aliyepokea funda la kwanza kwa sababu nyumba yao ndiyo iliyoanziwa. Na kila mtu alikuwa ameshaiona ile chupa kwenye khanga ya Eusebia. Wakasubiri waone. Mimi ningekuwa yeye ningeimwaga mavumbini mbele ya macho ya babu yake, kisha ningempa chupa tupu akagawe. Nasema kweli yangu. Nimekuwa bibi wa wajukuu wengi na bado ningeimwaga.

Eusebia aliingia kwa Leokadia, akamnywesha mtoto, akafunika chupa. Halafu akatoka akaketi kizingitini, miguu ameinyoosha, mlango ameuziba. Hapo ndipo alipohamia. Hakuwasalimu walioingia wala waliotoka. Asubuhi alipima, jioni alipima, na katikati aliikalia ile chupa kama kuku anayelalia. Watu walianza kuja na vikombe vyao, kwanza kwa haya, baadaye kwa machozi, kwa sababu nyumba zao zilikuwa zinaungua kwa homa na mazoea ni kitu kigumu kukiacha. Aliwajibu wote jibu moja.

"Hii ni chinghao."

Mnajua kwa nini alitumia neno la wageni? Kwa sababu katika maneno yetu yote hapakuwa na hata moja la kitu kisichogawanywa. Angesema ni yangu, wangemwambia kwetu hakuna yangu. Angesema ni dawa, wangemwambia hata chumvi ni dawa. Angesema ni ya mtoto, wangemwambia mtoto ni wetu sote. Kila neno alilokuwa nalo lilikuwa tayari limeshapita chini ya upawa. Hilo moja tu lilikuwa bado zima. Kwa hiyo walilisikia, na mmoja baada ya mwingine wakashuka mtoni kumtafuta Fokas.

Mjukuu aliamka, akaomba uji. Siku hiyo hiyo Mzee Ligombi akaja mlangoni. Homa ilikuwa imemfikia na yeye, meno yanagongana, na safari hii upawa hakuja nao. Aliona chupa haijaisha. Alimwona mjukuu wake amekaa, anacheka. Akasema, na sauti ilikuwa bado ya upole, kwamba mtoto amepona, nakushukuru mwanangu, nisaidie tone moja tu.

Eusebia alimtazama mpaka mzee akainamisha macho.

"Mtumbwi upo, baba," akasema.

Mkubwa wa ukoo alisimama pale ameshika mwimo wa mlango kwa mikono miwili. Nadhani alikuwa anangoja watu waseme neno, maana walikuwepo wengi, lakini walimpisha njia ya mtoni. Ndipo akageuka akateremka mtoni kwa miguu yake, akianguka na kuinuka, na Fokas akampakia pamoja na wale wengine. Mama Lin alimkamulia chupa yake na hakumuuliza jina. Alipona. Naona uchungu kulisema, lakini alipona. Kaka yangu alivushwa siku hiyo hiyo, naye akapona. Wawili walikufa mchangani wakingoja mtumbwi urudi.

Chupa ya yule mjukuu ilipokauka, Eusebia aliipindua mbele ya Leokadia ili aone hakuna tone, akaiweka chini, akarudi kwake. Mzee Ligombi alituma watu waombe radhi, akatuma mbuzi, mwisho akaja mwenyewe. Aliyakuta maji ya kunywa na kigoda, kama mgeni yeyote, na radhi hakuikuta. Wapo wanaosema Eusebia alikosea kutosamehe. Mimi nasema mjukuu alimpa, mzee alitaka na nini zaidi?

Na tangu siku hiyo, hapa Lihangwe tunagawana samaki, chumvi, sabuni na hata msiba, lakini dawa ya mtu haina mgao. Mtu akianza kunywa, mmoja wa nyumbani anakaa mlangoni mpaka iishe. Siku hizi zahanati wanatupa vidonge vya mseto, na tunaambiwa ndani yake mna ile ile ya Wachina, na sisi bado tunauliza wagonjwa wetu, umemaliza chinghao? Nasikia hata hivyo wapo miongoni mwenu mnaoacha vidonge homa ikishuka, mnavitia kabatini viwe akiba, au mnampunguzia jirani. Msinichokoze. Mama akinyonyesha mtoto mchanga na nduguye mkubwa akililia ziwa, anaambiwa hilo ni chinghao. Mgonjwa akipata usingizi, usingizi wake ni chinghao, hatumwamshi kumsalimia. Anayelisikia neno hilo anarudisha mkono, hata kama ni mkono wa mkubwa wa ukoo. Haulizi kimebaki kiasi gani. Tuliwahi kuuliza mara moja, na tukapewa.